Mahindi yana milia myeupe: ning'oe, nipulizie dawa au niweke mbolea?

Mkulima_Kilosa: Wakuu habari zenu. Mahindi yangu ya masika yana wiki tatu tangu yaote. Majani yametoka milia myembamba, myeupe kuelekea njano, na baadhi ya miche imedumaa. Nikipita katikati, vidudu vidogo vyembamba vinaruka, vingine vinatembea kiubavu kama kaa. Muuza pembejeo anasema ni upungufu wa zinki, ninunue mbolea ya majani. Jirani anasema ni virusi. Mbegu nilitoa kwenye mavuno ya mwaka jana. Hela ya kubahatisha sina, nisaidieni.

Shamba_Darasa: Mkuu piga dawa ya viwavijeshi, itaua vyote.

BibiShamba_Mstaafu: Ngoja kwanza, mwanangu. Shika jani moja uliangalie kwenye mwanga. Zinki ikipungua utaona mkanda mpana uliopauka, unaoanzia chini karibu na shina, pande zote mbili za mshipa wa kati. Ukiona vistari vyembamba vilivyokatika-katika, vinavyofuata mishipa hadi kwenye ncha, huo ni ugonjwa wa milia, na wanaoueneza ni hao warukaji, Cicadulina. Kwa ulivyoeleza, jirani yako yuko sahihi.

Mche ulioambukizwa hauponi, hata ukiua kila kidudu. Na kuwamaliza si rahisi: jike hutaga mayai ndani ya jani lenyewe. Watoto hutoka bila mabawa, hujivua ngozi mara tano, na kwenye joto la kwenu mwezi mmoja hivi unatosha kupata wakubwa wanaoruka. Mtoto huzaliwa hana virusi. Huvipata akifyonza mmea unaoumwa, na akishavipata anabaki navyo hadi kufa. Sasa niambie, kando ya shamba kuna nini?

Mkulima_Kilosa: Mahindi ya kuchoma ya vuli, karibu na mfereji. Mengine bado yamesimama, na nyasi ni nyingi.

BibiShamba_Mstaafu: Basi chanzo ni hapo. Vuli ilipokauka, wadudu wakahamia kwenye majani yako mabichi. Fyeka yale yote na nyasi zake. Ugonjwa huu hauji na mbegu, ila mbegu yako haina ukinzani. Kama miche mingi imeshaugua, mimi ningelima upya mvua ingalipo, nipande mbegu inayostahimili milia, Staha au TMV-1, iliyopakwa dawa ya wadudu ya imidakloprid. Kituo cha utafiti wa kilimo, TARI Ilonga, kiko hapo hapo Kilosa, waulize. Kama ni michache, ng'oa leo, uendelee kukagua mpaka mahindi yafike wiki nane. Yakiugua baada ya hapo hasara huwa ndogo.

Mfugaji_Dumila: Asante bibi. Hiyo miche inayong'olewa, ng'ombe wanaweza kula?

BibiShamba_Mstaafu: Wape. Virusi hivi ni vya mimea, haviwadhuru. Ila kama shamba lilishapuliziwa dawa, au mbegu ilipakwa, usiwape.