Naomba ushauri: mama ana mtoto wa jicho, hataki kusikia upasuaji

Wakuu, habari za saa hizi. Mama yangu ana miaka 67, yupo Ngamiani hapa Tanga, anapika vitumbua na kuuza barazani tangu mimi sijaanza shule. Mwaka jana alianza kulalamika kuwa taa ya chumbani ina ukungu. Nikabadilisha globu mara mbili, kumbe tatizo si globu.

Sasa hivi uzi haupiti kwenye sindano mpaka aite mjukuu. Jua la saa sita likimpiga usoni anasimama palepale njiani, na usiku taa za bodaboda anaziona zimechanua kama maua. Kilichoniuma ni juzi: kamrudishia mteja noti ya elfu kumi akidhani ni elfu mbili. Bahati mteja muungwana, akairudisha.

Daktari kammulika, akasema ni mtoto wa jicho macho yote mawili, la kulia limekomaa. Dawa ya matone haiondoi. Ni upasuaji, watoe lenzi yenye ukungu waweke ya bandia. Bi mkubwa kagoma. Jirani naye kamletea asali ya kudondoshea, nimeificha (najua ataitafuta).

Ana kisukari pia. Mliopeleka wazazi wenye sukari, mliambiwa isomeke ngapi kabla ya kupangiwa siku? Baada ya upasuaji mzazi alikaa muda gani mbali na moshi wa jiko? Na aliyewahi kumshawishi mzee mbishi, alianzia wapi?