Kufutwa na kaunti kwa "kuajiriwa kinyume cha sheria": pa kuanzia ni wapi?

Mtu nchini Kenya ana barua ya kazi, amelipwa miaka miwili, kisha bodi ya kuajiri ya kaunti inamwandikia kuwa nafasi yake haikutangazwa, aondoke. Aende kortini moja kwa moja?

JIBU: Hapana, na hapa ndipo wengi huteleza. Sheria ya Serikali za Kaunti, kifungu cha 77: rufaa ya maandishi kwa PSC (Tume ya Utumishi wa Umma) ndani ya siku 90 tangu uamuzi. Ukiruka hatua hiyo, kesi huenda ikatupwa hata kabla hoja zako hazijasikizwa. Soma kifungu cha 87 cha Sheria ya PSC ya 2017.

JIBU: Naongezea. Usikazanie tu kwamba uliajiriwa vizuri, shambulia utaratibu. Ibara ya 236 ya Katiba inalinda afisa wa umma asifutwe bila kufuata sheria. Kifungu cha 41 cha Sheria ya Ajira kinataka aelezwe sababu kwa lugha anayoielewa, mwenzake akiwepo, na asikizwe. Barua ya kumfuta "kuanzia leo" ni zawadi kwa wakili wake, maana inaonyesha hakusikizwa. (Barua ya uteuzi ikiwa ghushi, hayo ni mengine.)

MUULIZAJI: Akishinda anarudi kazini?

JIBU: Si lazima. Miaka 3 ikipita tangu afutwe, korti haiwezi kumrudisha. Fidia mwisho ni mishahara ya miezi 12.