Tupeane uzoefu: nyumba ya msikiti au kanisa, kodi ikikwama mlimalizana vipi?

Fundi wa Ngamiani: Wadau hamjambo. Nina fremu ya ushonaji kwenye barabara za namba huku Ngamiani, Tanga. Nyumba ni ya wakfu, yaani mali iliyotolewa kwa ajili ya msikiti. Kamati ya msikiti imebadilika, na hii mpya inanidai malimbikizo ambayo sehemu kubwa nilishalipa mkononi kwa mzee aliyekuwa akikusanya. Risiti hatoi, anaandika kwenye daftari lake la jalada la bluu. Sasa nimeletewa notisi ya kuhama. Waliopitia haya watupe uzoefu. Wenye "mwachie Mungu" nimeshawasikia, ahsanteni.

Mama Dunda: Pole fundi. Mimi niko Bagamoyo, nyumba ya kanisa. Walinishtaki kwa jina la parokia. Wakili wangu akasimama mbele ya Baraza la Ardhi na Nyumba akasema parokia haishtaki wala haishtakiwi, mwenye mali kisheria ni bodi ya wadhamini iliyosajiliwa RITA, wakala wa serikali wa usajili na udhamini. Mwenyekiti akapekua karatasi, akamtazama katekista, akauliza: "Wadhamini wako wapi?" Kimya. Kesi ikaondolewa. Nilirudi nyumbani kwa vigelegele, majirani wakadhani nimeozesha binti! Haukupita muda wakarudi na jina sahihi, na deni limenona, maana miezi ya kesi nayo inahesabiwa. Nikalipa kwa awamu. Kwa hiyo soma notisi yako imetoka kwa nani, ila usidhani jina likikosewa deni limekufa.

Pweza Mkavu: Sisi tulimalizana kwa shehe wa kata. Kahawa, tende, tukaandikishana. Basi.

Wa Kamati: Niseme kwa upande wetu, maana mnatuonea. Wakfu hauuzwi, haugawiwi, haurithiwi. Imamu mwenyewe hana haki ya kusamehe hata shilingi. Kodi ya fremu ndiyo inalipa umeme wa pampu ya maji ya udhu na posho ya ustadhi wa madrasa. Mpangaji yumo safu ya mbele kila Ijumaa, ukimgusia kodi anakwambia "shehe, tudaiane msikitini?" Ukienda dukani, amefunga. Tukidai wapi sasa?

Karani Mstaafu: Fundi, baraza la kata tangu 2021 linasuluhisha tu, halitoi hukumu. Likishindwa ndani ya siku 30 mnakwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la wilaya. Huko ushahidi wako ni lile daftari na mzee mwenyewe, kama bado anakubali kwamba alipokea. Mfuate mapema, kabla kamati haijamfuata. Na kuanzia leo lipa kwa simu au benki, kwenye akaunti ya taasisi, si namba ya mtu. Wakikataa kupokea, waandikie barua, wagonge muhuri kwenye nakala yako.

Fundi wa Ngamiani: Nimetoka kwa mzee sasa hivi. Daftari lipo, kurasa zangu zipo, ila miezi miwili hakuandika, anasema siku hizo alikuwa anaumwa macho. Amekubali kuja nalo mbele ya kamati Ijumaa baada ya swala.

Wa Kamati: Hapo umefanya la maana. Sasa nikuulize: kile kilemba, pesa ya kupewa fremu, ulichotoa wakati wa kuingia kimo humo, au nacho kilipita mkononi?