Mjadala: Nani ana mamlaka ya kusema "hii si kazi"?

Mleta mada

Wakuu, naomba hili tulijadili kwa utulivu. Kwenye mada iliyopita, ile ya pensheni, mchangiaji mmoja aliandika kwamba mama anayelea watoto nyumbani "kitaalamu hafanyi kazi". Alipobanwa akasema hayo si maneno yake, ndivyo uchumi unavyosema. Mwingine akaja kumsaidia kwa fizikia: hata ukibeba mtoto mgongoni siku nzima kwenye ardhi tambarare, kazi yako ni sifuri. Mjadala ukafungwa hapo, kana kwamba taaluma mbili zimekaa pamoja na kutoa hukumu moja.

Hazijakaa pamoja. Zinatumia neno moja kupimia vitu tofauti kabisa. Msimamo wangu ni huu: kila taaluma ina haki ya kulipa neno "kazi" maana inayoifaa, lakini maana hiyo ikitolewa nje ya taaluma na kuanza kuamua nani anastahili pensheni, anayeitumia anawajibika kusema inapima nini na inaacha nini.

Nianze na fizikia, maana ndiyo inayotajwa sana na ndiyo isiyoeleweka. Huko kazi ni kani mara umbali ambao kitu kimesogea kwa kufuata upande wa kani hiyo. Aliyeipa istilahi hiyo maana hii ni Mfaransa Gaspard-Gustave Coriolis, mwaka 1829, akiandika kuhusu mashine. Wahandisi wa zama zile walihitaji kipimo kimoja cha kulinganisha injini ya mvuke inayopandisha maji kutoka mgodini na farasi anayeyapandisha maji yale yale. Uchovu wa mtu haukuwemo kwenye swali lao.

Sasa chukua gunia la kilo 50, ulinyanyue kutoka chini hadi begani, mita moja na nusu. Umelifanyia kazi ya jouli 735 hivi. Ukizigeuza kuwa kilokalori, zile zinazoandikwa kwenye pakiti za vyakula, hazifiki hata 0.2. Halafu simama nalo begani nusu saa bila kusogea. Kwa fomula ile, gunia halijafanyiwa kazi yoyote zaidi, na wewe magoti yanatetemeka na jasho linakutiririka. Fizikia haijakosea hapo. Ndani ya msuli uliokaza, protini zinashikana na kuachiana mfululizo, kila mshiko unatumia nishati, na nishati hiyo inaishia kuwa joto. Mwanafiziolojia anaipima kwa oksijeni unayotumia, mwanafizikia anapima kilicholifikia gunia. Wote wawili wako sahihi, na hakuna hata mmoja wao aliyeulizwa kama mbebaji alipwe.

Hata sayansi zilizo jirani haziandiki kazi kwa namna moja. Mwanafunzi anayetoka darasa la kemia kwenda la uhandisi wa mitambo analijua hili kwa maumivu. Mkemia anaandika kazi kuwa chanya pale mfumo unapofanyiwa kazi. Mhandisi wa injini, ambaye anataka kujua injini itampa nini, mara nyingi anaiandika chanya pale mfumo unapoifanya. Kanuni ni ile ile ya uhifadhi wa nishati, alama ya kutoa ndiyo imehama. Asiyeuliza kitabu kinafuata utaratibu upi anafeli.

Uchumi ndipo penye moto. Mwaka 1776 Adam Smith aligawa kazi kuwa ya kuzalisha na isiyozalisha, na kwenye kundi la pili aliwaweka watumishi wa majumbani pamoja na mfalme, maofisa wa jeshi, makasisi, wanasheria, waganga na waimbaji wa opera. Hakusema hawana manufaa; alisema kazi yao haiachi kitu kinachoweza kuuzwa baadaye. Umoja wa Kisovyeti nao ulikuwa na hesabu za taifa zilizohesabu uzalishaji wa vitu, huku huduma kama elimu na tiba zikiwekwa nje kama zisizozalisha. Leo daktari na mwalimu wamo kwenye Pato la Taifa kila mahali. Madaktari hawakubadilika. Mpaka ndio ulisogezwa, na waliousogeza ni watu waliokaa mezani wakakubaliana.

Kwa hiyo mtu akiniambia "uchumi unasema si kazi", namuuliza: uchumi wa mwaka gani, na kwa mpaka upi?

Mwalimu wa fizikia

Mleta mada, nakuunga mkono kwa sehemu kubwa. Niongeze moja kuhusu yule wa "kazi sifuri". Sifuri ile inapatikana kwa mzigo unaosogea kwa mwendo usiobadilika kwenye usawa mmoja, kama vile unateleza. Binadamu hatembei hivyo. Kila hatua kiwiliwili kinapanda na kushuka sentimita kadhaa, mguu unaongezwa kasi na kuzuiwa, mzigo unanyanyuka na kushuka pamoja nawe. Mfano wa darasani umerahisishwa makusudi ili mwanafunzi aione kanuni, na mimi mwenyewe naufundisha. Kuuchukua ukamhukumu mama aliyebeba mtoto ni kuutumia mahali ambapo masharti yake hayapo.

Lakini tusiishie kulaumu maana finyu. Ufinyu ndio unaolipa neno makali yake. James Joule, miaka ya 1840, aliweza kuonyesha kwamba uzito unaoshuka na kuzungusha makasia ndani ya maji unaongeza joto la maji kwa kiwango kilekile kila mara, kwa sababu "kazi" ilikuwa na maana moja inayopimika. Angetaka kuingiza na uchovu wake, asingepata kitu.

Mtakwimu

Nashukuru mwalimu amelisema hilo, maana upande wetu ndio uliokaangwa. Nimefanya tafiti za nguvukazi kwa muda mrefu, naomba niwatetee wenzangu.

Kisa ambacho mleta mada hakukitaja ni cha Arthur Pigou, mwanauchumi Mwingereza aliyekieleza karne moja iliyopita: mwanamume akimwoa mtumishi wake wa nyumbani, pato la taifa linapungua, ingawa chakula kinapikwa kile kile na sakafu inadekiwa ile ile. Kwa hiyo wachumi tulilijua tatizo mapema, hatukulifumbia macho. Tuliacha huduma za nyumbani nje kwa sababu mbili. Ya kwanza, hazina bei, tungekuwa tunakisia kiasi kikubwa mno, na kisio hilo lingeficha mabadiliko ya fedha halisi ambayo waziri na benki kuu wanahitaji kuyaona. Ya pili ni nzito zaidi: ukisema kila anayepika au kufagia kwake ameajiriwa, karibu kila mtu mzima ameajiriwa. Ukosefu wa ajira unafutika kwenye karatasi, wakati vijana wamejaa mitaani wakitafuta. Nani atafaidika na takwimu hiyo?

Na hatujakaa tu. Oktoba 2013, watakwimu wa kazi wa nchi mbalimbali walikutana Geneva chini ya Shirika la Kazi Duniani wakatenganisha maneno mawili. Kazi ni shughuli yoyote ya kuzalisha bidhaa au kutoa huduma, iwe kwa matumizi ya wengine au yako mwenyewe, ilipwe isilipwe. Ajira ni sehemu tu ya kazi, ile inayofanywa kwa malipo au faida. Kwa maana hiyo, aliyesema mama wa nyumbani "kitaalamu hafanyi kazi" alikosea kwa kipimo chetu wenyewe. Shirika hilo hilo lilitoa ripoti mwaka 2018: kazi za malezi na utunzaji zisizolipwa ni saa bilioni 16.4 kila siku duniani, sawa na watu bilioni mbili wakifanya kazi saa nane kwa siku bila ujira, na wanawake wanabeba asilimia 76.2 ya saa hizo. Namba hizo zimetoka kwa watu wa taaluma yangu.

Mwanasheria

Fupi tu. Sisi mahakamani hatusubiri wachumi wakubaliane. Mwaka 1983 Mahakama ya Rufani ya Tanzania, katika shauri la Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu, ilikubali kwamba kazi za mke nyumbani ni mchango katika upatikanaji wa mali ya ndoa. Uingereza, mwaka 2000, katika shauri la White dhidi ya White, majaji wa Bunge la Mabwanyenye (House of Lords, wakati huo ndiyo mahakama ya juu kabisa huko) walisema hakuna sababu ya kumpendelea aliyeleta fedha dhidi ya aliyetunza nyumba na watoto. Swali la sheria ni nani alichangia, na kwa hilo jouli na Pato la Taifa havitusaidii.

Msomaji wa sosholojia

Mimi nampinga mleta mada kidogo, kwa sababu hatari iko pande zote mbili. Mwaka 1983 mwanasosholojia Mmarekani Arlie Hochschild alianzisha dhana ya kazi ya hisia, akiwachunguza wahudumu wa ndege: mtu analipwa mshahara, na sehemu ya anacholipiwa ni kutabasamu na kumeza hasira. Ilikuwa dhana kali, inayoonyesha kwamba mwajiri anaweza kununua hata uso wako. Sasa hivi watu wanaiita kazi ya hisia hata kukumbuka siku ya kuzaliwa ya shemeji. Hochschild mwenyewe mwaka 2018 alisema wazi kwamba dhana imetanuliwa kupita kiasi. Tukilipanua neno mpaka limeze kila kitu, wale wahudumu watakosa jina la kudai haki yao.

Mchangiaji mwingine

Mtakwimu, naomba unijibu kitu. Mfumo wa Hesabu za Taifa wa Umoja wa Mataifa wa mwaka 1993, yaani mwongozo wa kukokotoa Pato la Taifa, unahesabu bidhaa zote ambazo kaya inajizalishia, na kuteka maji kumo. Kwa hiyo ndoo ikibebwa kutoka kisimani hadi mlangoni ni uzalishaji. Ikivuka mlango, maji yakachemshwa na mtoto akaogeshwa, tumetoka nje ya hesabu. Mwili ni ule ule, asubuhi ni ile ile. Mpaka huu unautetea vipi?

Halafu huo utenganisho wa 2013 mnaousifu: mkulima anayelima kwa ajili ya kula na familia yake tu, kwa maana mpya anafanya kazi lakini hana ajira. Zamani alihesabiwa ameajiriwa. Mmemwinua mama wa nyumbani kwa maneno, na mkulima mmemtoa kwenye orodha.

Mleta mada

Swali la ndoo ndilo nililokuwa nalitafuta, ahsante sana.

Msomaji wa sosholojia, nakubaliana nawe kabisa kuhusu wahudumu wa ndege, na sidhani tunapingana. Sitaki neno litanuliwe. Nataka kila maana ibaki na mmiliki wake anayejulikana.

Ndugu Mtakwimu, sababu yako ya pili imenishawishi. Ukosefu wa ajira lazima uonekane, na ajira ikibaki finyu sina ugomvi nayo. Ya kwanza naikataa. Mnasema hamwezi kukisia kisicho na bei, lakini hesabu hizo hizo zinamkisia kodi mtu anayeishi kwenye nyumba yake mwenyewe: mnachukua kodi ambayo angelipa kama angekuwa mpangaji, mnaiingiza kwenye Pato la Taifa, na hakuna senti iliyotoka mfuko mmoja kwenda mwingine. Basi nyumba inazalisha kwa kuwepo tu, na anayeidekia, anayepika ndani yake, anayemgeuza mgonjwa kitandani usiku hazalishi. Kama mmeweza kukisia kwa kuta, ugumu wa kukisia si sababu ya kutosha. Yalikuwa maamuzi, na maamuzi yanaweza kuhojiwa na wasio wachumi.

Kuhusu mkulima, nasimama na aliyeuliza. Utenganisho ni mzuri iwapo tu ripoti inatoa namba zote mbili kwa pamoja. Serikali ikitangaza "asilimia kadhaa hawana ajira" na ikanyamaza kuhusu wanaofanya kazi bila ajira, msikilizaji anasikia kwamba wamekaa. Pensheni, bima na mikopo vinapangwa kwa anachokisikia msikilizaji huyo. Ninachodai ni kitu kidogo: siku Pato la Taifa linapotangazwa, thamani ya kazi zisizolipwa za nyumbani itangazwe kando yake, kwenye jedwali lake, ili mwenye kupanga bajeti asiweze kusema hakuiona.

Mtakwimu

Hoja ya kodi ya nyumba umeipata, sina utetezi mzuri. Jibu la vitabuni ni kwamba bila kisio hilo usingeweza kulinganisha nchi yenye wapangaji wengi na yenye wenye nyumba wengi. Najua utaniambia hoja hiyo hiyo inafaa kwa upishi na malezi.

Jedwali la kando linawezekana, na nchi kadhaa zimeshalitengeneza. Kikwazo si tarehe ya kutangaza. Ili ujue saa, inabidi watu wajaze shajara ya saa 24, kila dakika 10 au 15 waandike walikuwa wanafanya nini. Utafiti wa namna hiyo ni ghali, na katika nchi nyingi haufanyiki kila mwaka kama ule wa nguvukazi. Na hata ukifanyika, mama anaandika saa mbili usiku "napika". Wakati huo huo mtoto yuko mgongoni, mwingine anasimamiwa afanye masomo, na baba mkwe mgonjwa anasikilizwa chumba cha pili. Shajara nyingi zinahesabu shughuli kuu moja tu. Ukizihesabu zote, siku yake inapita saa 24, na jedwali linakataa. Tumekuwa tukibishana kwa miaka ni ipi iandikwe kwanza, na aliye ndani ya chumba hicho hatujamuuliza vya kutosha. Nipeni hoja kwenye hilo, mimi niko tayari kuipeleka kazini.