Naomba ushauri: honi ya meli bado inanikata maini

Assalam alaykum ndugu zangu. Mimi mtu wa Wete, Pemba, naishi Unguja mjini. Kaka yangu alikuwemo kwenye ile meli ya Pemba iliyozama Nungwi usiku wa kuamkia 10 Septemba 2011. Maiti yake hatukuiona. Khitma tulisoma, mama alilia yake akatulia. Mimi ndo nimebaki.

Mchana sina neno. Usiku honi ikilia bandarini Malindi, jasho linanitoka, moyo mbio, namuona na mfuko wa viatu vya watoto alivyonunua Darajani. Boti sipandi. Ndege ya Pemba ni nusu saa tu, lakini pesa iko wapi? Mwezi uliopita nimekosa harusi ya mdogo wangu.

Nimesomewa dua, nimekunywa kombe (maji yaliyooshewa aya za Qur'ani), adhkari za usiku sikosi. Nafuu napata, honi ikilia ni yale yale.

Yupo aliyepitia haya akaweza kupanda boti tena? Alianzaje? Na hospitali ya akili ya Kidongo Chekundu, mtu mwenye akili zake anaweza kwenda kuzungumza na mtaalamu, au mpaka awe na barua? Mume wangu anahofu nitaitwa mwehu.

Jazakumullahu khayran.