Naomba ushauri: Baba aliteswa mwaka 1987, na hajui alizuiliwa wapi

BINTI WA FUNDI
Hamjambo nyote. Mwaka 1987, wakati wa msako wa walioshukiwa kuwa wafuasi wa Mwakenya, kundi la siri lililoipinga serikali ya Kenya, baba yangu alichukuliwa nyumbani usiku, akafungwa kitambaa machoni, akazungushwa kwa gari kwa muda mrefu, kisha akakaa siku kumi na tisa mahali asipopajua. Jioni moja, makarani wakiwa wameshakwenda zao, alifikishwa mbele ya hakimu, akakiri shtaka la uchochezi na kufungwa miaka miwili. Hajawahi kutusimulia yaliyompata. Ila hawezi kulala taa ikiwa imezimwa, na mvua kubwa ikinyesha usiku huketi kitandani akiwa amekunja miguu hadi ikatike.

Mwezi uliopita alisema, bila kuulizwa, kwamba anataka kwenda mahakamani. Kaka yangu anashikilia kwamba tumechelewa na kwamba hatuna hata karatasi moja. Je, ni kweli? Na je, tunaweza kuandika katika hati ya kiapo kwamba alikuwa Nyayo House, jengo la serikali jijini Nairobi ambako washukiwa waliteswa, kwa kuwa kila tunachosoma kuhusu jengo lile kinafanana na kisa chake?

MSOMA HUKUMU
Pole sana, dada. Kuchelewa ni hoja ambayo wanasheria wa serikali wataitanguliza, na yapo maombi yaliyotupwa kwa sababu hiyo. Kwa hiyo kaka yako hana makosa ya kuogopa. Lakini mlango haujafungwa. Mwezi Julai 2010 Mahakama Kuu iliwapa fidia walalamikaji 21 waliozuiliwa Nyayo House, miaka mingi baada ya mateso yao. Tena mwezi Januari 2023 Mahakama ya Juu iliwapa ushindi akina mama wa wafungwa wa kisiasa waliopigwa na polisi pale Freedom Corner, katika bustani ya Uhuru Park jijini Nairobi, mwaka 1992, ingawa mahakama mbili za chini zilikuwa zimewakatalia. Elezeni sababu za kuchelewa kwa ukamilifu: hofu, ugonjwa, umaskini, kimya chenyewe.

MTI MKAVU
Tumieni Sheria ya Kuzuia Mateso ya mwaka 2017. Imeeleza kila kitu.

KARANI MSTAAFU
Ndugu Mti Mkavu, sheria hiyo ni nzuri kwa anayeteswa leo, lakini haikuwapo mwaka 1987. Ombi la mzee lisimame juu ya Katiba ya zamani, ambayo kifungu chake cha 74 kilikataza mateso hata wakati ule yalipokuwa yakitendeka. Walioshinda mwaka 2010 walipitia hapo hapo.

Binti yangu, kuhusu karatasi, msikate tamaa kabla ya kutafuta. Mtu aliyehukumiwa ana faili la kesi, na gerezani kuna rejesta ya kumpokea. Andikeni barua kwa mahakama iliyomhukumu na kwa Idara ya Magereza, mkitaja kifungu cha 35 cha Katiba ya sasa kinachompa raia haki ya kupata habari zilizo mikononi mwa serikali, na mkikosa jibu mpeleke malalamiko kwa Tume ya Haki ya Utawala. Nakala za barua hizo mzitunze hata zisipojibiwa, kwa maana zinaonyesha kwamba mlitafuta. Faili likipatikana, tazameni tarehe ya kukamatwa na tarehe ya kusomewa shtaka. Pengo lililo kati yake lina uzito kuliko maneno mengi.

Sasa jengo. Msiliandike, isipokuwa mzee mwenyewe akilitaja. Ni kweli kwamba manusura wa Nyayo House walieleza habari za kitambaa, gari, seli za chini zilizojazwa maji na lifti ya kupandishwa juu kuhojiwa. Lakini mzee akiapa kwa maneno ya wenzake, wakili wa serikali atamuuliza swali moja tu, "Uliona wapi jina la jengo?", na baada ya hapo hata lile la kweli litatiliwa shaka. Aeleze alichosikia, alichonusa, alichokanyaga.

DAKTARI WA ZAMU
Mtafutieni pia daktari anayefuata Itifaki ya Istanbul, mwongozo wa Umoja wa Mataifa wa kuchunguza na kuandika dalili za mateso. Kovu hufifia, lakini usingizi wa namna hiyo nao huchunguzwa na kuandikwa kama ushahidi.

MSOMA HUKUMU
Jambo moja zaidi: kushinda si kulipwa. Mali ya serikali haipigwi mnada. Mtapewa hati ya kudai fedha hizo, na huenda mkalazimika kurudi mahakamani kuomba afisa mhusika aamriwe kulipa. Mwambieni mzee mapema.

BINTI WA FUNDI
Nashukuru sana. Jana nilimuuliza baba bila kutaja jengo lolote. Alinyamaza kitambo, kisha akaweka kiganja chini kidogo ya goti na kusema, "Maji yalifika hapa." Akaongeza kwamba sakafu ilikuwa ya saruji na kwamba ngozi ya nyayo ilimtoka kama ganda la kitunguu. Siku hazikumbuki kwa mpangilio. Nilipomwambia kwamba fedha huenda zisije, alijibu kwamba anataka hakimu asikie mchana, si jioni. Je, niandike hata hilo?

KARANI MSTAAFU
Liandike kama alivyolisema, na liwe katika aya ya kwanza.