Ubingwa wa Michigan wa 2023: walishinda au walichungulia?

Mkwezi Mstaafu (mleta mada)
Wadau, habari za asubuhi. Hukumu ya NCAA, chama cha michezo ya vyuo Marekani, juu ya chuo cha Michigan na timu yake ya mpira wa Kimarekani imetoka Agosti hii, 2025, na tangu itoke kundi la familia halina amani, maana nina mdogo wangu Ann Arbor, mji wa chuo hicho, na shemeji Columbus, kwa watani wao Ohio State. Faini ni makumi ya mamilioni ya dola. Connor Stalions kapigwa kizuizi cha kazi za vyuoni miaka minane, kocha Jim Harbaugh miaka kumi, ingawa Harbaugh mwenyewe yuko Chargers, timu ya kulipwa, tangu Januari 2024, kwa hiyo ni kama kumfungia mlango mtu aliyeshafika kituo cha basi. Kombe halijaguswa. Zile mechi 15 bila kufungwa hata moja zimebaki 15-0.

Kwa ambao hawakufuatilia: Stalions alikuwa mtumishi wa timu. Akawa ananunua tiketi za mechi za wapinzani, anatuma watu wanakaa jukwaani na simu, wanarekodi ishara ambazo makocha wa pembeni huwaelekezea wachezaji. Kusoma ishara za mwenzako mkiwa mnacheza naye siku hiyo hiyo hakuna kosa. Kwenda kumvizia kwenye mechi zake na wengine ni marufuku tangu 1994.

Swali ni moja: kombe lile ni halali au lina doa? Hoja, si matusi.

Baba Columbus
Doa? Shati lote ni doa, mkuu. Huku Ohio hata jina lao hatulitaji, tunasema "timu ya kule kaskazini", sasa dunia imeelewa kwa nini. Mtu ana tiketi za mechi zaidi ya 30, vyuo 11, halafu tuambiwe kocha hakujua? Na huyo kocha msimu ule ule alifungiwa mechi sita mfululizo. Sita! Msimu wa kawaida una mechi 12.

Bluu na Mahindi
Shikamoo Baba Columbus. Kwa heshima zote, si sita mfululizo. Tatu za mwanzo chuo chenyewe kilimweka kando kwa mambo ya kusajili vijana wakati wa korona, ile ya kudaiwa kumnunulia kijana baga. Tatu za mwisho ndiyo Big Ten, ligi yetu, walimfungia, tangazo likatoka siku moja kabla ya kucheza na Penn State, timu iko safarini tayari.

Na hapo ndipo hoja yako inapofia. Stalions alisimamishwa Oktoba 20. Kuanzia kesho yake: Michigan State 49-0 kwao, Penn State 24-15 kwao, nyinyi 30-24, Alabama 27-20 muda wa nyongeza pale Rose Bowl, Washington 34-13 fainali Houston. Stalions hayupo. Mbili kati ya hizo hata Harbaugh hayupo, anaongoza msaidizi wake Sherrone Moore. Kwa Penn State tulikimbiza mpira mara 32 mfululizo bila kurusha. Hapo ishara ya nini? Mpaka muuza karanga alijua tunapita wapi, na hakuna aliyetuzuia.

Nijibiwe hilo.

Shombo la Feri
Nimesoma mpaka hapa nimecheka peke yangu kwenye daladala. Watu wazima mnatoana macho kwa mechi za WANAFUNZI? Hii ni UMISSETA yenye kofia ngumu. Mwanafunzi akiiba ishara anaitwa mzazi, anachapwa viboko vitatu, kesi imekwisha. Mleta mada funga uzi.

Bluu na Mahindi
UMISSETA? Kaka, uwanja wa Michigan una viti 107,601 na vinajaa. Uwanja wa Mkapa ni 60,000. Weka Mkapa, ongeza Uhuru, bado unatafuta viti.

Shombo la Feri
Kujaa si hoja. Kariakoo nayo imejaa.

Baba Columbus
Kwenye hili nasimama na Bluu na Mahindi, sikutegemea kuandika sentensi hii maishani. Shombo, usiite UMISSETA kitu usichokijua. Wiki ya mechi hii huku Columbus chuoni wanaziba kila herufi M kwa mkanda mwekundu. Kila M. Kwenye mabango, kwenye majengo, kwenye alama za njia. Chuo kizima kinasomeka kama kina mapengo.

Mama Mwanamkasi
Baba Columbus umenikumbusha. Mwaka wangu wa kwanza huku naingia kazini asubuhi nakuta beji yangu imepigwa X nyekundu. Mimi jina la kwanza M, la pili M, la baba M. Nimebaki kama mtu aliyefutwa kwenye daftari. Nikajua nimefukuzwa kazi! Nikaenda kukaa chooni nalia, nawaza nauli ya kurudi Mombasa. Mwenzangu mmoja mama wa Kihabeshi ndiye aliyenifuata akanieleza kuwa ni mpira. Tangu siku ile timu zote mbili nazichukia sawasawa.

Shombo la Feri
Dada pole, lakini umethibitisha hoja yangu. Kuziba herufi kwa mkanda ni mambo ya wanafunzi.

Kipchoge wa Kijiji 
Wacha nikwambie Shombo, ndugu yangu. Mimi ni mtu wa Uasin Gishu na nilikimbia nyika huko Amerika kwa skolashipu, chuo sitataja. Mbio zetu walikuwa wanakuja kutazama wazazi na mbwa wawili. Nani alilipa ndege, viatu, chakula, daktari wa misuli? Hao vijana wa kofia ngumu. Kwa vyuo vikubwa pesa ya mpira wao ndiyo inabeba wakimbiaji, waogeleaji, wapiga makasia, wote. Kuna nyumba za mawe zimejengwa huku kwetu na mtu hata hajui zimetokana na Jumamosi za huko. Kwa hivyo pole pole na hiyo UMISSETA.

Shombo la Feri
Kwa hiyo wanafunzi wanawalipia wanafunzi. Bado ni shule.

Bluu na Mahindi
Shule gani mchezaji analipwa kuliko mhadhiri wake? Tangu Julai 2021 wanaruhusiwa kuuza jina na sura zao kwa matangazo. Na mwaka huu baada ya ile kesi ya House, wanamichezo walipoishtaki NCAA, chuo chenyewe kinaweza kugawa mpaka dola milioni 20.5 kwa wanamichezo wake kwa mwaka. UMISSETA walikulipa nini wewe?

Shombo la Feri
Soda na mkate. Na nilivunjika mkono Mwanza 2004 tukalala darasani juu ya madawati. Usinidharau kijana, nimeitumikia jezi.

Mkwezi Mstaafu (mleta mada)
Wadau turudi kwenye mada tafadhali. Bluu na Mahindi aliuliza kuhusu mechi baada ya Oktoba 20, hakuna aliyemjibu.

Fundi Saa
Nitamjibu mimi, ingawa naona watu wanataka madawati.

Hoja ya kukimbiza mpira mara 32 ni tamu lakini imekaa upande usiofaa. Ishara za wizi hazimsaidii sana anayeshambulia, zinamsaidia anayelinda: ukijua mwenzako anarusha au anakimbia kabla hajaanza, umeshamaliza nusu ya kazi. Kwa hiyo tazama ulinzi. Na ukitazama ulinzi, shida inahamia kwenu watu wa Ohio, maana baada ya Stalions kuondoka ulinzi ule haukulegea. Alabama mpira wa mwisho wako yadi tatu tu kufika mstari, mrushaji wao Jalen Milroe kajipenyeza katikati, kagonga ukuta. Washington, mrushaji wao Michael Penix alikuwa anarusha msimu mzima kama anamwaga mchele. Fainali wakapata 13 tu.

Lakini hii haiondoi mechi za kabla. Mwezi Septemba na Oktoba mwanzo Stalions alikuwepo. Mimi nasema hivi: msimu una sehemu mbili, ya kwanza ina doa, ya pili haina, na kombe lilichukuliwa kwenye ya pili.

Baba Columbus
Fundi, huwezi kuoa nusu ya mwanamke. Kuingia kwenye ule mchujo wa timu nne ulihitaji msimu mzima. Mwanzo mchafu, mwisho mchafu.

Bluu na Mahindi
Septemba tulicheza na East Carolina, UNLV na Bowling Green. Baba, hao unahitaji kuiba ishara? Na 2022 Stalions akiwepo na tiketi zake zote chuo cha TCU wakatupiga 51-45. Uchawi gani huo usiofanya kazi siku ya kazi?

Ngalawa Mbovu
Hapo kwenye uchawi ndipo nilipokuwa nasubiri. Yaani sisi, SISI, tukae tumhukumu Stalions? Nchi ambayo timu kubwa inaruka ukuta ili isipite mlangoni? Huyo bwana ni kamati ya ufundi iliyosoma. Tofauti yake na ya kwetu anatoa risiti za tiketi.

Shombo la Feri
😂😂 Kamati ya ufundi iliyosoma. Sasa mada imeanza kuwa ya watu.

Mwana wa Uvira
Ndugu zangu, mimi niko Grand Rapids, tulikuja tukiwa wakimbizi, Waswahili wa Kongo tuko wengi hapa. Nilikuwa sielewi huu mpira hata kidogo, naona watu wanaanguka tu kila dakika. Mechi ya Ohio ya Novemba 2023 jirani yangu mzee mmoja akanialika. Yule kijana mkubwa wa Michigan anayewafungulia njia wakimbiaji, Zak Zinter, nambari 65, mguu ukavunjika. Mzee akanyamaza. Watu laki moja pale uwanjani wakanyamaza. Wakamtoa kwenye kigari. Mchezo uliofuata, ule ule wa kwanza, Blake Corum akakamata mpira akakimbia yadi 22 mpaka ndani, halafu akainua vidole: sita, tano. Mzee alilia, na mimi nikalia na sijui kwa nini.

Mambo ya tiketi na simu sijui. Ila ule mguu hakuna mtu aliurekodi kabla.

Baba Columbus
Mwana wa Uvira umeandika vizuri na mimi binafsi nilimwombea yule kijana. Lakini machozi hayasafishi faini. Mwizi ni mwizi.

Bluu na Mahindi
Mwizi ni mwizi? Sawa. 2010 nani alifutiwa ushindi wa msimu mzima kwa sababu wachezaji walibadilishana zawadi za timu kwa pesa na kuchorwa tatuu? Kocha Jim Tressel akajiuzulu 2011? Mimi nitakaa kimya, mtaje mwenyewe.

Baba Columbus
Tatuu! Kijana anachora mwili wake kwa mali yake mwenyewe unafananisha na ujasusi? Leo wanalipwa mamilioni wazi wazi, sisi tulionewa kwa jambo ambalo sasa ni halali. Na nyinyi bendera za mpira wa kikapu za wale vijana watano wa miaka ya 90 ziko wapi? Mlizishusha wenyewe mkaficha stoo.

Ngalawa Mbovu
Kumbe huu ugomvi una mashina. Ulianzia wapi?

Fundi Saa
Ulianza kabla ya mpira wenyewe. 1835 Ohio na Michigan waligombea kipande cha ardhi chenye mji wa Toledo, wakatoa mpaka wanamgambo. Hakuna aliyekufa. Ohio wakapewa Toledo, Michigan wakafidiwa rasi ya kaskazini wakanung'unika, kumbe imejaa shaba na chuma. Kila upande mpaka leo unaamini mwenzie ndiye aliyepunjwa. Halafu ndiyo wakaja makocha, Woody Hayes wa Ohio na Bo Schembechler wa Michigan, 1969 hadi 1978, miaka kumi ya vita kweli kweli.

Mama Mwanamkasi
Kwa hiyo nililia chooni kwa sababu ya shamba la 1835.

Bluu na Mahindi
Na tangu 2021 mmekula nne mfululizo. 42-27, 45-23, 30-24, na ile ya mwaka jana 13-10 nyumbani kwenu, sisi tukiwa timu mbovu, Harbaugh hayupo, Stalions hayupo, nyinyi ndio mliotarajiwa kushinda.

Baba Columbus
Na nani alibeba kombe Januari 20, 2025? Notre Dame 34-23. Mlikuwa mnatazama wapi, kwenye simu ya Stalions?

Bluu na Mahindi
Bingwa aliyefungwa kwake na timu iliyopoteza mechi tano! Kwa mchujo wa zamani wa timu nne ungekuwa sebuleni. Wamepanua mpaka timu 12 ndiyo mkapenya. Ubingwa wenye doa ni upi sasa?

Baba Columbus
Timu iliyosimika bendera katikati ya uwanja wa watu kama wakoloni mpaka polisi wakapuliza pilipili haina haki ya kuniuliza swali.

Bluu na Mahindi
Faini ya bendera ilikuwa dola laki moja kila chuo. KILA chuo, Baba. Na nyinyi mlikuwemo.

Mkwezi Mstaafu (mleta mada)
Jamani. Kombe la 2023. Halali au doa? Nataka kura tu, nipeleke kwenye kundi la familia.

Kipchoge wa Kijiji
Halali. Mwanariadha akifungiwa, matokeo yake yafutwe. Timu ya watu mia na zaidi usiwahukumu kwa mtu mmoja mwenye simu.

Fundi Saa
Halali, na faini ni halali. Sioni ugumu.

Baba Columbus
Doa.

Mama Mwanamkasi
Wote wafungiwe. Na anayeuza ule mkanda mwekundu pia.

Shombo la Feri
Kabla sijapiga kura nina maswali mawili. Hao watani wanakutana lini tena?

Bluu na Mahindi
Novemba 29, Ann Arbor. Kwa saa za huko Dar ni saa mbili usiku, kaka, umeshatoka kazini. Karibu UMISSETA.

Shombo la Feri
Sijasema nitaangalia, nimeuliza tarehe. Swali la pili: jezi zao rangi gani?

Mwana wa Uvira
Michigan ni bluu na njano. Ohio nyekundu na kijivu.

Shombo la Feri
Njano ni wale wa tiketi?

Bluu na Mahindi
Ni rangi ya mahindi, kaka, si njano.

Shombo la Feri
Njano ni njano. Mimi ni mtu wa Msimbazi, nimezaliwa na nyekundu nitazikwa na nyekundu. Kombe lina doa, Stalions afungiwe maisha. Baba Columbus, hiyo mechi huku inaonyeshwa chaneli gani?